Mfupa wa Paja Uliovunjika Karibu na Goti, na Jinsi Uandikwavyo kwa Alama

Mtu akituletea habari kwamba fulani amevunjika mguu, sote twaelewa, wala hapana amwulizaye zaidi ila kwa huruma. Twasema "pole," kisha twauliza, "Amepatwaje?" Lakini tukiyatazama vema maneno yale twaona kuwa hayakutuambia jambo kubwa. Mguu katika Kiswahili huanzia nyongani ukaishia vidoleni, na ndani yake mna mifupa mingi. Tena, katika usemi wetu aliyevunjika ni mtu mwenyewe. Mguu wafuata nyuma ya kitenzi kama mzigo tu. Hatusemi sana kwamba mfupa fulani umevunjika mahali fulani. Kwa jirani aliyekuja kutazama mgonjwa hili halina dhara. Kwa mganga wa hospitali lina dhara kubwa, na hiyo ndiyo sababu ya kuandika makala hii.

Tulipata kushuhudia hatari hiyo wenyewe. Bibi mmoja wa jirani zetu, mtu mzima sana, alijikwaa kizingitini mwa jiko akaanguka chini. Hakuanguka kutoka juu, wala hakugongwa na kitu. Alianguka kwa kimo chake tu. Akachukuliwa mpaka zahanati moja, akafungwa mabanzi, akapewa karatasi ya kwenda nayo hospitali kubwa. Katika karatasi ile paliandikwa: "Amevunjika mguu wa kushoto, karibu na goti." Wale waliompokea walisoma "mguu," wakafikiri muundi, wakapiga picha ya eksirei ya sehemu iliyo chini ya goti. Picha ikaonyesha mfupa mzima. Bibi akalazwa kama aliyeteguka. Ilikuwa siku ya tatu ndipo daktari mmoja kijana alipoona kuwa uvimbe uko juu ya goti, akaagiza picha nyingine, na mfupa wa paja ukaonekana umekatika vipande viwili.

Maneno "karibu na goti" si uongo, lakini yana milango mitatu. Goti ni mahali pakutanapo mfupa wa paja kutoka juu na mfupa wa muundi kutoka chini, na mbele yake pana kile kifupa cha duara tukiitacho pia ya goti. Yeyote katika hawa watatu akivunjika, mtu aweza kusema "karibu na goti." Katika orodha ya magonjwa itumikayo na mataifa mengi, kila mmoja ana alama yake: ncha ya chini ya mfupa wa paja ni S72.4, pia ya goti ni S82.0, na ncha ya juu ya muundi ni S82.1. Lau zahanati ile ingaliandika alama tano hizo, S, 7, 2, 4 na ile nukta isiyohesabiwa sana na wasomaji, picha ya kwanza ingalipigwa mahali pake.

Yafaa tueleze kwanza orodha hii imetoka wapi. Wazungu walianza zamani kuhesabu vifo na sababu zake. Mwaka 1853 wataalamu wa hesabu za watu walikutana Brussels, wakawaomba wawili miongoni mwao, William Farr wa Uingereza na Marc d'Espine wa Geneva, watunge orodha moja ya sababu za vifo itakayofaa kwa nchi zote. Mwaka 1855 wakaja Paris kila mtu na orodha yake, nao hawakuafikiana: Farr alipanga kwa mahali pa ugonjwa mwilini na namna yake, mwenzake alipanga kwa asili ya ugonjwa. Mwaka 1893 Jacques Bertillon wa Paris akaleta orodha yake katika mkutano wa Chicago, nayo ndiyo mama wa orodha ya leo. Ilikuwa ya vifo tu. Mtu aliyevunjika paja akapona hakuwa na nafasi humo. Mwaka 1948, Shirika la Afya Duniani lilipokwisha kuipokea kazi hii, ndipo marekebisho ya sita yalipowaingiza pia wagonjwa waishio. Na tangu hapo jeraha likapewa alama mbili, moja ya jeraha lenyewe na moja ya sababu iliyolileta. Marekebisho ya kumi yalikubaliwa mwaka 1990. Ya kumi na moja yalikubaliwa mwaka 2019, yakaanza kutumika tarehe 1 Januari 1922 na miaka mia juu yake, yaani 2022.

Sasa katika marekebisho ya kumi, kama yalivyotoka kwenye Shirika, S72.4 ndiyo mwisho wa habari, ila mtu akipenda aweza kuongeza tarakimu moja: 0 ikiwa ngozi haikupasuka, 1 ikiwa kidonda kimefika mfupani. Wamarekani hawakuridhika. Walitunga tawi lao la orodha hiyo, wakaanza kulitumia katika hospitali zao tarehe 1 Oktoba 2015, na katika tawi hilo alama ya mfupa huu hufika herufi na tarakimu saba. Kabla ya siku hiyo walikuwa wakiandika 821.23 kwa mfupa uliovunjika juu kidogo ya goti pasipo kidonda. Na alama ile, ijapokuwa ilikuwa na tarakimu tano, haikusema kama ni paja la kulia au la kushoto.

Tuchukue alama moja kamili tuisome: S72.452A. Mgeni akiiona hudhani ni namba ya gari. Lakini sisi tusemao Kiswahili hatuna sababu ya kuiogopa, kwa maana tumezoea tangu utoto neno moja kubeba habari ya sentensi nzima. Mtu akisema "nitakuandikia," ametaja mtendaji, wakati, mtendewa, tendo, na kwamba tendo lafanywa kwa ajili ya mtu, wala hakupumua katikati. Tofauti ni kwamba katika kitenzi chetu shina hukaa kati, lina viambishi mbele na nyuma. Katika alama hii shina hutangulia na mengine yote hufuata, kama vile vunja izaavyo vunjika, na vunjika izaavyo vunjikia.

Basi, S yasema hili ni jeraha. 72 yasema ni mfupa wa paja uliovunjika. 4 ifuatayo nukta yasema ni ncha ya chini. Mpaka hapa tuko pamoja na mataifa mengine. Tarakimu ya tano yaeleza sehemu gani ya ncha hiyo, na hapa hatuna budi kuutazama mfupa wenyewe. Mfupa wa paja ukishuka hupanuka, kisha hugawanyika kuwa vinundu viwili vya mviringo vikaavyo juu ya muundi, kimoja upande wa nje na kimoja upande wa ndani. Aliyewahi kuchinja mbuzi akatenganisha paja na muundi ameviona. Kama kinundu kimoja kimevunjika lakini hakikutajwa ni kipi, huandikwa 1. Cha nje ni 2. Cha ndani ni 3. Na 4 ni pale ncha inapoachana na mwili wa mfupa mahali pa kukulia. Kama mfupa umekatika juu ya vinundu na ufa haukushuka kati yao, huandikwa 5. Ukishuka ukavitenga, ni 6. Ya 7 ni ya watoto, ambao mfupa wao mara nyingine hubonyea kama utete mbichi bila kukatika. 9 ni mengineyo, na 0 ni kutojua.

Tofauti ya 5 na 6 ni ndogo kwa macho, lakini kwa mgonjwa ni kubwa. Ufa usiofika kwenye kiungo huweza kuunganishwa, na goti likakunjika kama zamani. Ufa uliopita kati ya vinundu umeharibu uso ule laini wa goti, na usipolinganishwa sawasawa, mtu huyo atakaa na maumivu ya goti miaka yake yote. Waganga wa upasuaji wana orodha yao nyingine iliyotungwa na chama kilichoanzishwa Uswisi mwaka 1958. Wao huita mahali hapa 33, kisha huongeza A kwa mvunjiko usiofika kiungoni, B kwa ule uliokata sehemu ya kiungo, na C kwa ule uliotenga kiungo kizima na mwili wa mfupa. Orodha hiyo ni ya kupangia kazi ya kisu, si ya kuhesabia watu, nasi hatutaisema zaidi.

Tarakimu ya sita hubeba mambo mawili kwa pamoja, nayo twaiona kuwa si ya busara sana, kwa kuwa mwandishi aliyechoka hukosea hapo. 1 maana yake vipande vimehama mahali pake, upande wa kulia. 2 vimehama, kushoto. 3 vimehama, upande haukutajwa. 4, 5 na 6 ni vivyo hivyo kwa mfupa ambao vipande vyake havikuhama. Na kuhama kwa vipande katika mahali hapa si jambo dogo. Nyuma ya goti pana mshipa mkubwa wa damu uendao mguuni, na misuli ya shavu la mguu imeshikamana na vinundu vile. Mfupa ukikatika juu yao, misuli huvuta kipande cha chini kuelekea nyuma, na ncha yake kali yaweza kuubana au kuukata mshipa huo. Mganga mwenye akili, kabla hajatazama picha, huugusa wayo kuona kama una joto na kama mshipa wapiga.

Kwa habari ya kulia na kushoto tungependa kuongeza neno. Wazee wetu husema mkono wa kuume na mkono wa kuke, wengine mkono wa kulia, yaani wa kulia chakula, na wa kushoto. Maneno haya yote hufuata mwili wa mtu mwenyewe, si macho ya amtazamaye. Ndivyo yafanyavyo na maandiko ya hospitali: kushoto ni kushoto kwa mgonjwa, ijapokuwa daktari asimamaye mbele yake auona mguu huo upande wake wa kuume. Tumefundisha darasani miaka mingi, na kila tulipowaambia watoto watuelekee wakanyanyue mkono wa kulia, nusu yao walinyanyua ule uliolingana na wetu. Watu wazima nao si tofauti.

Herufi ya saba ndiyo yenye kupotosha wengi. A husemwa ni ya mara ya kwanza, na waandishi wapya hudhani maana yake ni siku ya kwanza mgonjwa alipoingia mlangoni. Sivyo. Kanuni yasema A hutumika muda wote ambao mvunjiko wenyewe ungali unatibiwa, kama vile kupasuliwa au kutazamwa na daktari mpya achukuaye matibabu. Mgonjwa akipita mikononi mwa madaktari watatu, na wote wakatibu mvunjiko, wote huandika A. Hata aliyekaa nyumbani kwa muda asitafute dawa, siku ajapo kutibiwa huandikiwa hiyo hiyo. Lugha yetu ingeweza kuwaokoa na kosa hili, maana sisi hatuchanganyi "amekuja mara ya kwanza" na "angali akigangwa."

A ni ya ngozi nzima. Ikiwa kidonda kimefika mfupani, huandikwa B au C kwa kufuata daraja walizozitunga Gustilo na Anderson mwaka 1976: daraja ya kwanza ni kidonda kisichozidi sentimeta 1, ya pili ni kikubwa kuliko hicho, lakini nyama haikuharibika sana, ya tatu ni pale nyama na ngozi zilipoharibika vibaya, na ndani yake mmewekwa wale ambao mshipa wa damu umekatika ukahitaji kushonwa. Daraja mbili za kwanza ni B, ya tatu ni C. Akiisha kutibiwa na mfupa ukaanza kuungana vema, huandikwa D, E au F kwa mpango ule ule wa vidonda. Ukichelewa kuungana, ni G, H au J. Usipoungana kabisa, ni K, M au N. Ukiungana kwa upotovu, ni P, Q au R. S ni ya mabaki, yaani madhara yaliyosalia mvunjiko wenyewe ukiisha kupita. Msomaji ataona herufi I, L na O zimerukwa.

Twavutwa hapa na neno letu ganga. Leo wengi hulijua kwa maana ya kutibu tu, lakini maana yake ya asili ni pana: kuganga ni kuunga kilichovunjika, kufunga pamoja, kutengeneza kilichoharibika, na gango ni kile kifungacho. Mtu huganga jahazi, huganga mfupa. Hivyo mganga kwa jina lake ni mwunganishaji, na orodha hii ndefu ya D mpaka R yauliza swali moja tu ambalo neno hilo limekuwa nalo siku zote: je, kimeunganika?

Mwandishi wa alama hana ruhusa ya kubuni. Daktari asipoandika, yeye hawezi kutazama picha akaamua. Ila kanuni zimempa njia mbili za kufuata anapokuta kimya: mvunjiko usiotajwa kuwa na kidonda au kutokuwa nacho huhesabiwa kuwa hauna, na usiotajwa kuwa vipande vimehama au havikuhama huhesabiwa kuwa vimehama. Kwa upande wa mwili hakuna kanuni ya namna hiyo, na ndivyo ipasavyo. Huko Marekani jambo hili lina uzito wa fedha pia, kwa kuwa walipaji hutazama alama kabla ya kulipa, na ndugu zetu Waswahili wakaao huko hupokea karatasi zenye alama hizi nyumbani. Wakiona 1 mahali ambapo paja lililovunjika ni la kushoto, wana haki ya kuuliza.

Kwa watoto pana mtego mwingine. Karibu na goti, katika mfupa wa paja, pana sahani ya gegedu ambayo mfupa hukulia hapo. Karibu asilimia 70 ya urefu wote uongezwao katika mfupa huo hutoka ncha hiyo ya chini. Mvunjiko ukipita katika sahani hiyo, mguu waweza kusimama kukua wakati mwenzake waendelea. Salter na Harris wa Toronto walizipanga aina zake mwaka 1963, na Wamarekani wamezitoa katika S72 wakaziweka peke yake chini ya S79.1. Mwandishi akimwandikia mtoto kama mtu mzima, hapana atakayekumbushwa kumpima miguu mwaka wa pili na wa tatu.

Twarudi kwa lile swali la majirani, "Amepatwaje?" Orodha hailidharau, imelipa alama yake yenyewe, isiyochanganywa na ya mfupa. Mkwezi aliyeanguka kutoka mnazini ana W14, ambayo ni kuanguka kutoka mtini. Mpanda pikipiki hutafutwa kati ya V20 na V29, kwa kufuata alichogongana nacho. Katika tawi la Marekani W14 huandikwa W14.XXXA, na hizo X tatu hazina maana yoyote. Zimewekwa kushika nafasi tu, ili A ifike mahali pake pa saba.

Lakini mara nyingine sababu hubadili hata alama ya mfupa. Kijana aliyegongwa na gari, na yule bibi wa jirani zetu aliyejikwaa kizingitini, waweza kulala vitanda viwili vilivyo karibu, mifupa yao imekatika mahali pamoja. Na bado hawaandikwi sawa. Kanuni yasema hivi: mgonjwa ajulikanaye kuwa mifupa yake imepungua nguvu, akavunjika kwa anguko dogo lisiloweza kuuvunja mfupa mzima, haandikiwi jeraha la S72, bali ugonjwa wa mifupa, M80. Kwa paja la kushoto la mzee ni M80.052. Faida yake ni kubwa: yeyote aisomaye ajua kuwa mifupa mingine nayo i hatarini. Hasara yake, nasi twaiona kuwa hasara ya kweli, ni kuwa alama hiyo yataja paja pasipo kusema ni ncha ya juu au ya chini. Yaani inapopata sababu, yapoteza goti.

Marekebisho ya kumi na moja yamejaribu kuponya udhaifu wa namna hiyo kwa kuacha njia ya kitenzi na kushika njia ya sentensi. Huandikwa alama ya shina, kisha huongezwa alama nyingine za pembeni, kama vile ya upande wa mwili, nazo huunganishwa kwa ile ishara ya &, ambayo sisi twaisoma "na." Hivyo kila habari ina neno lake, wala haihitaji kusubiri nafasi ya sita au ya saba. Sisi twapenda zaidi ile ya kwanza kwa sikio letu, lakini twakiri kuwa hii ni rahisi kusahihisha, maana kosa katika neno moja haliligusi jingine.

Yule bibi alifungwa chuma mfupani katika juma la pili. Wayo wake, kwa bahati, haukupoa. Mfupa uliungana, lakini si kwa unyofu, na mguu wa kushoto ukawa mfupi kidogo. Katika karatasi yake ya kurudi nyumbani paliandikwa kuanguka na kuvunjika paja. Juu ya udhaifu wa mifupa hapakuandikwa neno, wala hakupewa dawa yake. Mwaka uliofuata alishika nguzo ya baraza ili asianguke, akaanguka nayo, akavunjika kifundo cha mkono. Safari hii mwanawe alituomba tumwandikie barua ya kumpeleka hospitali, nasi tukaandika yote kwa Kiswahili, kwa urefu: mfupa gani, ncha gani, upande gani, ameanguka kutoka wapi, na kwamba ni mara ya pili. Chini yake, kwa kuwa tulikuwa tumekwisha kujifunza, tukaandika alama moja ya paja lile la zamani: M80.052P.